RAM ya GB 8, 16 au 32: mchora ramani wa Tanga achukue ipi?

Mama mmoja wa Pongwe alikuja kwenye meza yangu, Ngamiani, kulitazama jiko lake kabla halijajengwa. Nilikuwa nimemtengenezea nyumba nzima kwa 3D: vigae, makabati, dirisha linalotazama uani na minazi miwili nje. Nikazungusha mchoro ili auone mlango wa stoo. Skrini ikaganda, kitaa cha diski kikawaka moja kwa moja bila kupepesa. "Mwanangu, jiko limezimika?" akauliza. Tulikaa kimya dakika karibu nne tukiusubiri mlango wa stoo, na yeye alikuwa ameacha biashara yake ili aje kwangu.

Laptopu ile ilikuwa na RAM (kumbukumbu ya muda ya kompyuta) ya GB 8 na prosesa nzuri tu. Tangu siku hiyo, vijana wanaomaliza chuo na mafundi wanaoanza kuchora wenyewe wananiuliza swali lile lile: nibaki na 8, nipande 16, au nijikaze nichukue 32 kabisa? Naandika hapa ninavyowajibu, kwa kirefu zaidi ya ninavyoweza kusema barazani.

Vipimo nitakavyotumia

Kila kiwango nitakiuliza maswali manne. Kinabeba kazi gani bila kuhema? Kinashindwa wapi? Kukipata kunadai nini, kwa pesa na kwa mashine uliyonayo? Na kinamfaa nani? Bei za dukani sitaziandika, maana zinapanda na kushuka, na kijiti kipya cha RAM si sawa na cha mtumba. Uliza maduka mawili matatu kabla hujafungua pochi.

Umeme nao una nafasi yake kwenye hesabu hii, ingawa watu huusahau. RAM haishiki kitu umeme ukikatika. Chochote ambacho hujakihifadhi kwenye diski kinaondoka papo hapo, na kadiri RAM inavyokuwa kubwa ndivyo unavyozoea kuacha kazi kubwa ikiwa wazi muda mrefu.

Kwa nini kumbukumbu ndiyo iliyozikuza programu za kuchorea majengo

RAM ndiyo inayoshika kila mstari, ukuta na picha uliyofungua sasa hivi. Isipotosha, Windows inahamishia sehemu ya mzigo kwenye diski, na diski ni ya polepole mno ukiilinganisha na RAM. Huko ndiko kuganda kunakotoka.

Mwaka 1963 Ivan Sutherland, mwanafunzi wa uzamivu pale MIT, Marekani, alionyesha Sketchpad, programu iliyomwezesha mtu kuchora moja kwa moja kwenye skrini kwa kalamu ya mwanga. Mashine yake, TX-2, ilikuwa na kumbukumbu kuu ya maneno elfu 64 hivi ya biti 36, yaani karibu kilobaiti 290 kwa hesabu ya leo. Picha moja ya simu yako inaweza kuwa kubwa mara kumi ya hapo.

AutoCAD, programu ya michoro ya kiufundi, ikaja mwaka 1982. Kompyuta za IBM za wakati ule, kwenye DOS, ziliziachia programu kilobaiti 640 tu. AutoCAD yenyewe haikuenea humo, kwa hiyo ilikatwa vipande: kipande kinachohitajika kinasomwa kutoka diski, kingine kinaondolewa kukipisha. Ndiyo maana mtu alichora mistari. Ukuta ulikuwa mistari miwili sambamba, na kompyuta haikujua kama ule ni ukuta. Mwishoni mwa miaka ya 1980 likatoka toleo la prosesa za 386 lililoweza kuuvuka mpaka ule, na maumbo ya 3D yakaanza kupata pumzi.

Baadaye ukaja ukuta mwingine. Windows ya biti 32 inaweza kuhesabu GB 4 tu za kumbukumbu, na kwa kawaida kila programu inapewa GB 2. Ungeweka RAM kiasi gani, mchoro ukifika hapo programu inafunga. AutoCAD ilipata toleo la biti 64 kwa AutoCAD 2008, na kuanzia AutoCAD 2020 toleo la biti 32 likaachwa kabisa.

Faida kubwa waliipata watu wa majengo. ArchiCAD, yenye asili yake Hungaria, ilianza mwaka 1984 kwenye kompyuta ya Apple Lisa. Revit ilitoka mwaka 2000. Kwenye programu hizi ukuta ni ukuta: unajua urefu wake, unene wake, na mlango uliokaa ndani yake. Ukisogeza dirisha kwenye ramani ya sakafu, linasogea kwenye mkato, kwenye mwonekano wa mbele na kwenye jedwali la madirisha. Mtu aliyewahi kusahau kurekebisha dirisha kwenye karatasi ya tatu, fundi akaenda kulijenga kimakosa, anajua thamani ya jambo hili. Lakini ili dirisha moja lijue habari zake kote, jengo zima lazima liwe ndani ya kumbukumbu kwa wakati mmoja. Kwa miaka mingi Autodesk, kampuni yenye AutoCAD na Revit, iliwapa watumiaji wa Revit kanuni ya kukadiria: chukua ukubwa wa faili, zidisha kwa 20, hiyo ndiyo RAM ambayo mchoro unaweza kuila. Faili la megabaiti 300 linakula GB 6, na hapo Windows bado haijadai sehemu yake.

GB 8

*Inabeba nini.* Ramani za 2D za nyumba ya kawaida: sakafu, mikato, mionekano ya pande nne, msingi, kenchi na paa. Faili la namna hiyo la AutoCAD mara nyingi halizidi megabaiti chache, na hata kwa AutoCAD 2021 Autodesk waliandika GB 8 kuwa kiwango cha chini na 16 kuwa kinachopendekezwa. Nyumba ndogo ya chini kwenye SketchUp (programu nyepesi ya 3D) nayo inakwenda vizuri usipoijaza miti na samani. Hata Revit haikatai: kwa matoleo ya karibu na mwaka 2020, GB 8 ilitajwa kutosha mchoro mmoja wa hadi megabaiti 100 hivi.

*Inashindwa wapi.* Kwanza, hizo 8 si 8. Windows na kivinjari chenye kurasa kadhaa vinaweza kula GB 3 au 4 kabla hujachora mstari. Kama laptopu yako haina kadi yake ya picha, ile iliyojengwa ndani ya prosesa inakopa kumbukumbu hapo hapo. Pili, picha zinadanganya. Mteja anakuletea picha ya kiwanja iliyopigwa na droni ili uchore juu yake. Kwenye diski ni JPEG ya megabaiti 20. Ikifunguliwa, pikseli 10,000 kwa 10,000, kila moja baiti 3, inakuwa megabaiti 300. Ziwe tatu, karibu gigabaiti nzima imekwenda. Jiko la yule mama lilikufa kwa namna hii hii: tekscha moja ya vigae (picha inayovikwa juu ya umbo) yenye pikseli 4,096 kwa 4,096, kila moja baiti 4, inachukua megabaiti 64 ikishafunguliwa, na mimi nilikuwa nimeweka zaidi ya ishirini, nyingine kwenye vitu ambavyo hakuna mtu angevitazama kwa karibu.

*Kuipata.* Huenda unayo tayari. Laptopu nyingi za mtumba zinakuja na 4 au 8. Ukikuta ya 4 kwa bei nzuri, hakikisha inakubali kuongezwa.

*Inamfaa nani.* Mwanafunzi anayejifunza amri za AutoCAD. Mchora ramani ambaye kazi zake ni nyumba za chini na wateja wake wanataka karatasi za kupeleka halmashauri kwa ajili ya kibali. Msimamizi wa ujenzi anayefungua michoro saiti apime na kuhesabu tofali. Huyu kumwambia apande ni kumpotezea pesa ambayo ingenunua SSD (diski ya kasi isiyozunguka) au betri mpya.

GB 16

Mashine yangu niliipeleka kwa fundi wa kompyuta, kijana mmoja wa barabara za ndani huku Ngamiani. Alifungua kifuniko cha nyuma, akanionyesha nafasi mbili za RAM, moja tupu. Akakitoa kijiti cha zamani, akakiinua kwenye mwanga: zile kucha za dhahabu zilikuwa zimeota weusi. Hewa yetu ina chumvi na unyevu, na mashine yangu ilikaa karibu na dirisha. Akachukua kifutio cha penseli, akazisugua taratibu mpaka zikang'aa, akapuliza vumbi. Kisha akakiingiza kijiti kwa mshazari, akakikandamiza hadi vishikizo vya pembeni vikabana kwa mlio mdogo. Cha pili hivyo hivyo. Haikumchukua robo saa.

Niliporudi mezani nilifungua faili la yule mama kwanza. Nikabonyeza Ctrl, Shift na Esc pamoja, Task Manager ikafunguka, nikatazama upande wa kumbukumbu (Performance, kisha Memory): GB 11 na ushei. Zile dakika nne za ukimya zikaeleweka. Gigabaiti 11 zilikuwa zinalazimishwa kukaa kwenye 8, na prosesa ingekuwa ya aina yoyote, isingeokoa kitu.

*Inabeba nini.* Nyumba ya ghorofa moja au mbili kwenye ArchiCAD au Revit, pamoja na samani na mandhari ya nje, huku AutoCAD ikiwa wazi pembeni na kivinjari kikicheza. Kwa matoleo yale yale ya Revit niliyoyataja, GB 16 ilihesabiwa kutosha mchoro mmoja wa hadi megabaiti 300 hivi. Picha za 3D za kumwonyesha mteja unaweza kuzirenda (kuzitoa zikiwa na mwanga na vivuli kama picha halisi), ila wakati wa kurenda funga vingine.

*Inashindwa wapi.* Unapounganisha michoro ya watu kadhaa: wa nguzo na zege ameleta yake, wa mabomba ameleta yake, wa umeme ameleta yake, nawe unataka kuyaona yote ndani ya jengo moja. Kila faili lililounganishwa linapanda kwenye kumbukumbu na mzigo wake. Inashindwa pia kwenye programu za kurenda kama Lumion, lakini hapo lawama mara nyingi ni ya kadi ya picha na kumbukumbu yake yenyewe, ambayo RAM ya kawaida haiwezi kuiziba vizuri. Nimewaona watu wanaongeza RAM wakitegemea Lumion itapona, wakarudi wamenuna.

*Kuipata.* Bora vijiti viwili vya 8 vinavyofanana kuliko kimoja cha 16, maana prosesa inasoma vyote viwili kwa pamoja, na kadi ya picha ya ndani ndiyo inayofaidi zaidi. Lakini kama umepanga kufika 32 siku za mbele na mashine ina nafasi mbili tu, chukua kimoja cha 16 sasa, uongeze mwenzake baadaye. Vijiti vya DDR3, DDR4 na DDR5, yaani vizazi tofauti vya RAM, havibadilishani. Mkato wa chini wa kila kimoja uko mahali pake, na ukilazimisha utavunja. Kubwa kuliko yote: laptopu nyembamba nyingi RAM yake imechomelewa kwenye bodi, haiongezwi. Ukurasa ule ule wa kumbukumbu kwenye Windows unaonyesha nafasi zilizotumika, kwa mfano 1 of 2. Tazama kabla hujanunua laptopu, si baada ya kuifikisha nyumbani.

*Inamfaa nani.* Mchora ramani anayejitegemea, ambaye mteja wake anataka kuiona nyumba, si kusoma karatasi peke yake. Katika mji wetu, hao wanaongezeka kila mwaka. Mtu anayejenga Raskazone au Kange anataka umwonyeshe baraza litakavyopata kivuli saa kumi alasiri. Pia anayehama kutoka AutoCAD kwenda ArchiCAD au Revit: kujifunza programu mpya huku mashine inaganda kunakatisha tamaa, na utaidhania programu ni ngumu kumbe ni kumbukumbu.

GB 32

*Inabeba nini.* Michoro ya pamoja ya jengo kubwa, nguzo, mabomba na nyaya vyote vikiwa wazi. Revit ya miaka ile iliiweka kwenye michoro ya hadi megabaiti 700 hivi. Inabeba pia vipimo vya skana ya leza, na hili nalisema kwa moyo wote kwa sababu ya nyumba zetu za zamani, za mawe ya matumbawe na zile za enzi ya Wajerumani hapa mjini. Kuta zake hazijanyooka, kila dirisha lina kipimo chake, na futi peke yake haiwezi kukuletea nyumba ile ilivyo. Skana inarudi na nukta mamilioni. Nukta moja yenye mahali pake na rangi yake ni baiti 16 hivi. Nukta milioni 100 ni GB 1.6 kabla hujachora ukuta mmoja, na nyumba moja huskaniwa kutoka sehemu nyingi. Atakayetaka kuzihifadhi nyumba hizi kwenye kompyuta kabla hazijaanguka, asiende na 8.

*Inashindwa wapi.* Haiongezi kasi ya kazi ambayo tayari ilienea. AutoCAD inafanya sehemu kubwa ya kazi zake kwa kiini kimoja cha prosesa. Kama mchoro wako unakula GB 6, ukiwa na 16 au ukiwa na 32 utaona kitu kile kile.

*Kuipata.* Kwenye laptopu inawezekana ikiwa ina nafasi mbili na bodi inakubali. Soma kikomo cha modeli yako kwanza. Wengi wanaofika hapa wanaishia kwenye kompyuta ya mezani yenye kadi ya picha. Hiyo haina betri, kwa hiyo bei ya UPS (betri ya akiba ya kompyuta) iingize kwenye bajeti siku ile ile. AutoCAD inajihifadhi yenyewe kila baada ya dakika 10 usipoibadilisha. Mimi nimeiweka 5. Weka mashine mbali na dirisha na uipe feni, joto letu si la mchezo.

*Inamfaa nani.* Ofisi yenye watu kadhaa kwenye mradi mmoja. Anayerenda kila siku. Na anayelenga michoro ya viwandani, ya vyuma, matangi na mabomba, huku bomba la mafuta ghafi kutoka Hoima, Uganda, likiishia kwetu Chongoleani. Michoro ya aina hiyo haina huruma na kumbukumbu.

Kabla hujatoa pesa, lipunguze faili

Wakati mwingine mzigo ni wa bure. Kwenye AutoCAD andika PURGE, uondoe bloku na leya zisizotumika. Faili lililopita mikononi mwa watu watano linabeba takataka za wote watano. Kwenye SketchUp, dirisha linalojirudia lifanye komponenti: nakala arobaini zinatumia maelezo ya moja, tofauti na kulichora upya mara arobaini. Tekscha za vitu vya mbali zipunguze kutoka pikseli 4,096 hadi 1,024 kila upande, na megabaiti 64 zinashuka kuwa 4. Mnazi uliopakuliwa mtandaoni wenye kila jani lake, ubadilishe kwa ule wa bapa. Jiko la Pongwe nililipunguza hivi baadaye, likashuka kutoka GB 11 hadi 7, na machoni halikubadilika.

Kwa hali yako

Kama unachora 2D na hujawahi kugandishwa, baki na 8. Ukiwa bado na diski ya zamani ya kuzunguka (hard disk), badilisha kwanza hiyo uweke SSD. Utauona utofauti tangu kuwasha mashine.

Kama una 8, unaanza 3D, na laptopu ina nafasi tupu, panda 16. Hata usiwaze sana.

Kama una 8 iliyochomelewa, usiitupe. Chorea 2D na uitumie saiti, huku unaweka akiba ya mashine nyingine. Kuiuza kwa hasara ili ununue nyembamba nyingine isiyoongezwa ni kurudi pale pale.

Kama una 16 na unafikiria 32, fungua kazi nzito kuliko zote uliyofanya mwaka huu, pamoja na programu zote unazozifungua siku ya kawaida, uzungushe mchoro, kisha usome namba ya kumbukumbu. Ikiwa chini ya GB 12, pesa hiyo ipeleke kwenye prosesa, kadi ya picha au UPS. Ikigonga 14 au 15 na diski inahangaika, mashine yenyewe imeshakujibu.

Na kama unanunua mara ya kwanza na mfuko unabana, tafuta ya mtumba yenye 8, SSD na nafasi ya pili ya RAM iliyo wazi. Mwombe muuzaji aiwashe mbele yako, ufungue ukurasa ule wa kumbukumbu, uione ile 1 of 2 kwa macho yako, uandike na aina ya DDR kwenye karatasi. Karatasi hiyo ndiyo utakayompelekea fundi siku ya kuongeza.